Mama wa Msanii Jikoni: Ridhaa Iliyoombwa kwa Asiyepika

Kisa hiki kinamhusu mama mmoja wa Wilaya ya Chamwino, mkoani Dodoma, ambaye binti yake ni mwimbaji wa Bongo Fleva anayejulikana nchi nzima. Kituo kimoja cha televisheni cha Dar es Salaam kilimwalika apike katika kipindi chake cha familia na mapishi. Kipindi kilirekodiwa nyumbani kwake, kikarushwa, watu wakakipenda. Wiki haijaisha, mama alikuwa hapokei simu za binti yake, mjukuu alikuwa amegoma kwenda shule, na vijana wasiojulikana walikuwa wakipiga hodi getini wakiwa na flashi zenye nyimbo zao, wakiomba zifikishwe mjini.

Mimi huandaa vipindi kwa kujitegemea hapa Dodoma na hufundisha vijana wanaoanza kazi ya utangazaji. Familia iliniita mambo yakiwa yameshaharibika, kwa kuwa nafahamiana na kaka mkubwa wa msanii. Baadaye kituo chenyewe kikaomba nikae katikati. Mama ameniruhusu kuandika, na maandishi haya amesomewa yote. Majina nimeyaficha, kijiji sikitaji, na alama ambazo zingemtambulisha mtoto nimezibadilisha.

Niseme mapema ninachokiamini. Ridhaa ya kumweka mama huyu kwenye runinga iliombwa kwa binti, ikajibiwa na meneja wa binti, na mama mwenyewe akaarifiwa tu. Mengine yote yaliyofuata, kuanzia jiko, mafuta, hadi machozi yaliyotembea mitandaoni, yanatokana na hapo.

Mwaliko ulivyofika

Mtayarishaji wa kipindi alimwandikia meneja kwa WhatsApp. Msanii alikuwa na wimbo mpya, kipindi kilikuwa na mfululizo wa wazazi wa watu maarufu wakipika vyakula vya kwao, na pande zote mbili ziliona faida. Nimeyasoma mazungumzo hayo, kwa ruhusa ya binti. Wamejadili tarehe, wamejadili wimbo utapigwa sehemu gani ya kipindi, wamejadili mdhamini, ambaye ni kampuni ya mafuta ya kupikia. Mama anatajwa kama mahali: "kwa mama kuna mtandao?", "kwa mama gari inafika?". Hakuna sentensi hata moja inayouliza kama mama anataka.

Binti alimpigia mama jioni, akamwambia watu wa TV watakuja keshokutwa, atapika kidogo, chakula chochote cha kwao. Mama alikubali, na alikubali kwa furaha. Hili nalisisitiza kwa sababu kituo kilipojitetea kilisema mara nyingi kwamba mama alikuwa radhi. Alikuwa radhi kweli. Alikuwa radhi kupika. Alichukua siku nzima kujiandaa: akatwanga uwele na kuondoa pumba, akapeleka kusaga, akachambua karanga, akatoa mlenda bora zaidi aliokuwa ameuhifadhi tangu masika. Akawaita majirani wawili waje kumsaidia, kwa maana chakula cha wageni hakipikwi na mtu mmoja.

Tangu treni ya SGR ianze kufika Dodoma mwaka 2024, safari kutoka Dar es Salaam imekuwa ya saa chache, na wazalishaji wengi wa vipindi wamejifunza kuja asubuhi na kurudi jioni. Inaokoa gharama za hoteli na posho. Kwa mahojiano ya bungeni au ofisini mpango huo unafaa. Kwa kipindi cha chakula cha kijijini haufai, kwa sababu ukiondoa muda wa kutoka stesheni, kusalimiana, kufunga taa na kurudi, kinachobaki cha kupika ni kidogo mno. Timu ilifika karibu na saa sita mchana ikiwa tayari na haraka ya treni ya kurudi.

Walimsalimu vizuri. Shikamoo mama, marahaba wanangu, na mwongozaji aliyekuwa amefanya utafiti kidogo akasema "Mbukwa", salamu ya Kigogo, lugha ya huku kwetu, wote wakacheka kwa furaha. Kisha kuanzia dakika hiyo wakamwita kwa jina la kisanii la binti yake, Mama Fulani. Sasa, msanii huyu ni mtoto wa tatu. Kijijini pale mama anaitwa kwa jina la kifungua mimba wake, kama ilivyo kawaida yetu, na ana jina lake la ubatizo ambalo kanisani na kwenye kikoba ndilo linaloandikwa. Kaka mkubwa alikuwa amekaa palepale kivulini akisikia mama yake anapewa jina jipya. Kwenye runinga maandishi ya chini ya kioo yalisomeka "mama mzazi wa", likafuata jina la msanii. Jina la mama halikutokea popote, hata kwenye orodha ya mwisho ambamo dereva alitajwa.

Jiko

Mama huyu hupikia gesi. Binti alimnunulia jiko na mtungi, na mama amelipenda sana, ameliwekea meza na kitambaa. Serikali ilizindua mwaka 2024 mkakati wa nishati safi ya kupikia unaolenga asilimia 80 ya Watanzania ifikapo 2034, na mama wa namna hii, wa kijijini, aliyeacha moshi kwa hiari yake, ndiye ambaye mtu mwenye kipindi cha mapishi angetamani kumwonyesha.

Mwongozaji alitaka mafiga. Alisema picha ya gesi haina hadhi ya kijijini. Mama alieleza kwamba mafiga yapo nyuma, hutumika kwenye misiba na harusi, kwa sufuria kubwa. Wakamwomba kwa upole, wakamwambia ni kwa ajili ya picha tu. Akainuka, akaenda kukoka moto kwa kuni ambazo zilikuwa bado na unyevu.

Hapo pana jambo la kulitazama kwa makini, maana ndilo lililozaa kidonda kikubwa. Moshi ulimwingia machoni, akatokwa na machozi, akajifuta kwa upindo wa khanga. Kamera ilikuwa inarekodi. Saa moja baadaye, akiwa amekaa kwenye mkeka, machozi yamekauka, mtangazaji alimuuliza kuhusu utoto wa msanii. Mama akaeleza juu ya mwaka mmoja ambao mvua zilikatika mapema, uwele ukanyaukia shambani, na kuna siku watoto walikula mlenda bila ugali. Akaendelea kusema kwamba ndiyo sababu mwanamke wa Kigogo hawezi kuacha kuanika mboga, kwamba mwaka ule nyumba yake haikuomba kwa mtu kwa kuwa alikuwa na mlenda wa kutosha na karanga za mwaka uliotangulia, na kwamba alimlisha na jirani.

Mhariri alichukua maneno ya njaa, akayawekea picha ya machozi ya moshi. Sehemu ya jirani aliyelishwa ikaondolewa.

Nimefundisha uhariri kwa miaka mingi, na ninajua mhariri alivyofikiri. Alikuwa na sauti nzuri bila picha ya karibu, na alikuwa na picha ya karibu bila sauti. Akaziunganisha. Watu wa kazi hii tunafanya hivyo kila siku kwa mikono inayokata vitunguu na miguu inayotembea. Lakini machozi ni ushahidi. Mtazamaji akiona mtu analia huku akisimulia njaa, anaamini kwamba anaiona huzuni ya mtu huyo. Pale palikuwa na mama anayejivunia alivyoivusha nyumba yake, na sisi tukapewa mama anayelilia umaskini wake. Hilo ni kusema uongo kwa kutumia uso wa mtu, na hakuna uharaka wa treni unaolihalalisha.

Mlenda na chupa ya mafuta

Msomaji asiyetoka kanda ya kati anaweza kuona suala la mafuta ni dogo. Mama alinieleza hili kwa muda mrefu kuliko jambo jingine lolote, kwa hiyo nami nitakaa nalo.

Dodoma ina msimu mmoja wa mvua, kuanzia Desemba hivi hadi Aprili, na kwa mwaka mzima hunyesha kama milimita 500 hadi 700, miaka mingine hata hizo hazifiki. Ilende, mmea unaotoa mlenda unaopendwa zaidi Ugogoni, huota wenyewe mashambani mvua zikishakolea. Wanawake huuchuma, huuanika, huutwanga na kuuchekecha, na unga wake wa kijani huhifadhiwa. Kuanzia Juni hadi Novemba, ardhi ikiwa kavu na upepo wa vumbi unavuma, mboga ya nyumba nyingi inatoka kwenye hifadhi hiyo. Ujuzi wake ni mwingi: uchume lini kabla majani hayajakomaa sana, uanike wapi maana jua kali mno hupunguza vitamini za majani, utwange kwa ulaini gani. Ukifika kwenye kupika, kazi ni fupi. Maji yanachemka, magadi kidogo, karanga zilizotwangwa, chumvi, kisha unga unanyunyizwa kwa mkono mmoja huku mwingine ukikoroga. Sufuria haifunikwi, maana mlenda hufura na kumwagika. Dakika chache mboga imeiva, inavutika, inangoja ugali wa uwele.

Mafuta ya chupa hayamo. Karanga karibu nusu ya uzito wake ni mafuta, na mwili unahitaji mafuta kidogo ili uweze kufyonza vitamini A inayopatikana kwenye majani ya kijani. Waliobuni mlenda wa karanga walilimaliza jambo hilo zamani, bila maabara.

Mpishi wa kipindi, kijana mwenye elimu ya hoteli na adabu nzuri, alimwelekeza mama aanze kwa kukaanga kitunguu na nyanya katika mafuta ya mdhamini. Mama alikataa mara mbili. Mara ya tatu akaambiwa mdhamini ndiye aliyelipia safari, na kama mafuta hayataonekana kipindi hakitaruka, na wimbo wa binti hautapigwa. Akamimina. Chupa ikasogezwa mbele ya kamera, nembo ikaelekezwa vizuri.

Kikarushwa. Kijiji kizima kilikuwa kinatazama, watu wamejaa sebuleni kwake na kwenye kibanda cha jirani. Wakamwona mwanamke ambaye ndiye huwafundisha wanawali wa kijiji kupika, yule anayeitwa kwenye kila msiba kusimamia masufuria, anakaanga mlenda. Kwa wiki kadhaa wanawake wenzake walimtania kisimani kwamba mtoto amemhamishia Dar es Salaam. Utani wa watani ni kitu cha kawaida huku kwetu, lakini huu ulimgusa pale ambapo heshima yake imejengwa. Binti ana muziki, mama ana jiko. Watu walifika kwake kwa ajili ya jina la binti, wakamharibia la kwake.

Kilichoachwa chini

Picha ghafi za siku hiyo nimezitazama zote. Ndani yake kuna dakika nzuri kuliko chochote kilichorushwa. Wakati ugali ukipikwa, mmoja wa wale majirani alianza kuimba, mwingine akageuza ndoo, akaibana kati ya mapaja na kuipiga namna ngoma za muheme zinavyopigwa. Muheme ni ngoma ya wanawake wa Kigogo, na hata kwenye tamasha la muziki wa Wagogo linalofanyika Chamwino ndizo ngoma zinazowavutia wageni kwanza. Mama, akiwa anasonga ugali, akajiunga, na kati ya nyimbo akamweleza mtangazaji kwamba mdundo ulio kwenye wimbo fulani wa binti yake, ule uliompa jina, ni huo. Binti aliusikia tangu akiwa mgongoni. Halafu akaonyesha kwa mwiko, sufuriani, jinsi mkono wa kusonga unavyokwenda sawa na mkono wa ngoma.

Hiyo ndiyo ilikuwa hadithi ya kipindi. Mzazi, chakula, na chanzo cha muziki wa mtoto vimekaa kwenye sufuria moja. Ilikatwa kwa sababu mtangazaji, akiwa na orodha ya maswali aliyopewa na meneja, alimkatiza mama ili amuulize msanii ataolewa lini.

Mjukuu

Mtoto wa dada yake msanii anaishi na bibi. Alitoka shule mchana, akakuta kamera, akapita mbele yake akiwa na sare, beji ya shule ikisomeka waziwazi. Mwongozaji alimpenda, akamwambia akae karibu na bibi aonje chakula. Hakuna aliyemuuliza mama wa mtoto. Watu wakadhani ni mtoto wa msanii, na picha zikasambazwa kwa maneno ya kubuni kuhusu baba yake. Wanafunzi wenzake wakaanza kumuuliza, walimu nao wakamuuliza. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, iliyoanza kutumika Mei 2023, inaziweka taarifa zinazohusu watoto katika kundi la taarifa nyeti. Kwenye hili sina haja ya kuchambua pande mbili. Beji ilipaswa kufichwa, mzazi alipaswa kuulizwa, na kazi yote hiyo ingechukua dakika tano.

Taarifa ya meneja

Kipande cha machozi kilikatwa kikawekwa TikTok na Instagram, na siku ya pili kilikuwa kila mahali. Binti alikuwa amewahi kusema kwenye mahojiano kwamba nyumbani kwao walikuwa na maisha ya kawaida, hawakulala njaa. Watu wakaanza kumwita mwongo. Binti alipata aibu, akampigia mama akiwa na hasira, akamuuliza kwa nini alisema yale. Mama akamjibu kwamba alisema kilichotokea.

Laiti pangeishia hapo, mama na mwanawe wangemalizana. Meneja akatoa taarifa kwa umma. Taarifa ilisema mzazi ni mtu mzima, alichanganya kumbukumbu, na ipuuzwe. Mama alisomewa na mjukuu wake kwenye simu. Mwanamke aliyekumbuka mwaka, shamba, na jina la jirani aliyemlisha, anaambiwa mbele ya nchi nzima kwamba akili yake imechoka, na hayo yanasemwa kwa niaba ya mtoto aliyemzaa.

Kuanzia siku hiyo hakupokea simu. Kaka mkubwa aliponieleza nilikuwa nafikiri tatizo ni lile la njaa. Nilipokaa na mama nikaelewa kwamba njaa haikumuaibisha kamwe. Aliishinda.

Kila mmoja alikuwa na sehemu gani

Kituo hakikuwa na nia mbaya. Mtayarishaji ni mtu ninayemheshimu, na alipooneshwa picha ghafi pembeni ya zilizorushwa alinyamaza muda mrefu kisha akaomba namba ya mama. Udhaifu wake ulikuwa kwenye mfumo wa kazi: fomu ya ridhaa waliyokuwa nayo ilikuwa ya ukurasa mmoja, imetengenezwa kwa ajili ya mastaa, na aliyeisaini ni meneja. Sheria ya Mikataba yetu, Sura ya 345, inasema watu wamekubaliana pale wanapokubaliana juu ya kitu kilekile kwa maana ileile. Mama alikubali kupika chakula cha kwao, mbele ya wageni. Kituo kilikubali kupata habari za msanii, mbele ya chupa ya mdhamini. Hayo ni mambo mawili, na hakuna hata siku moja yalipokutanishwa.

Meneja ana mamlaka ya kumsemea msanii. Hana mamlaka ya kumsemea mama wa msanii, na kwenye taarifa ile alivuka mpaka ambao hata binti mwenyewe hakupaswa kuuvuka. Lakini binti naye alimpa nafasi hiyo. Watoto wengi waliofanikiwa wanaowapenda wazazi wao hufanya jambo hili bila kuliona: kwa kuwa ndio wanaonunua mtungi wa gesi na kulipa ada za wadogo, huanza kuwaamulia wazazi mambo ambayo hayahusiani na pesa. Binti huyu anampenda mama yake sana. Alidhani anampa zawadi.

Na malipo? Mama alipewa doti ya khanga na katoni ya mafuta ya mdhamini. Kijijini iliaminika kwamba amelipwa mamilioni. Wenzake wa kikoba wakashangaa mbona haongezi hisa. Waliokuja kukopa wakarudi wakinung'unika. Vipindi vya mahojiano kwa kawaida havilipi wageni, na sina ugomvi na hilo. Ila mtu anayetumia siku kuandaa, anapika, anafundisha pishi, na mikono yake inabeba tangazo la biashara, huyo amefanya kazi. Mpishi wa hoteli aliyekuwa pembeni yake alilipwa.

Mzazi wa mtu maarufu anaweza kuonyeshwa vizuri, na mfano upo tangu zamani. Mwaka 1974 mwongozaji wa filamu Martin Scorsese aliwarekodi wazazi wake nyumbani kwao New York, mama yake Catherine akipika mchuzi wa nyama wa Kiitaliano, akiongea anavyotaka, akimkosoa hata mwanawe na wapiga picha. Mwishoni, pishi la mama likaandikwa kwenye kioo pamoja na majina ya waliotengeneza filamu. Mwaka 1996 kikatoka kitabu cha mapishi chenye jina la Catherine. Mtoto alikuwa maarufu, lakini pishi lilibaki la mwenyewe.

Kurekodi upya

Binti alikuja mwenyewe, bila meneja, na mkutano wake na mama ulifanyika mbele ya kaka mkubwa na mjomba. Sikuwepo na sikuuliza walisemezana nini. Baadaye binti alitoa taarifa fupi kwa umma akisema kwamba mama yake alisema kweli, na ile taarifa ya kwanza ifutwe.

Ndipo kituo kilipoomba kurudi. Mama alikubali kwa masharti, na aliyatamka mwenyewe, mimi nikaandika. Ataitwa kwa jina lake. Atapikia gesi. Mlenda hautiwi mafuta, na mdhamini akitaka chupa yake ionekane, mpishi wa kipindi akaangie samaki au maandazi upande wake. Watakuja mwezi Februari, ilende ikiwa shambani, waonyeshe kuchuma na kuanika, na watalala Dodoma. Majirani wawili watatajwa majina na kulipwa. Hakuna mtoto mbele ya kamera bila mzazi wake. Na atakitazama kipindi kabla hakijarushwa.

Sharti hilo la mwisho ndilo lililobishaniwa. Kituo kilisema hakuna chombo cha habari kinachompa mgeni mamlaka ya kuhariri, na wana hoja: kwa habari za siasa au uchunguzi, ningesimama upande wao bila kusita. Kipindi cha mapishi ni kitu kingine. Hapa mgeni ndiye mwenye ujuzi, na akisema mkono umeoneshwa vibaya, anasahihisha kosa. Tukakubaliana kwamba atatazama na kusema, na kituo kitalazimika kubadilisha chochote kinachohusu pishi, familia au sura yake. Mengine ni yao.

Malipo yakawekwa sawa na ya mpishi mwalikwa. Fomu mpya ya ridhaa nikasaidia kuiandika kwa Kiswahili cha kawaida, ikasomwa kwa sauti mbele yake, akauliza maswali, akasaini kwa jina lake la ubatizo. Binti hakusaini chochote.

Kipindi kipya kilikuwa kirefu zaidi, chenye shamba, uanikaji, ndoo ya muheme na simulizi ya mwaka wa njaa ikiwa kamili, jirani aliyelishwa naye akiwemo, akiithibitisha kwa mdomo wake. Msanii alitajwa mara chache. Alionekana sehemu ya mwisho akiwa amekaa mkekani kama watoto wengine, anakula.

Ambalo bado halijaisha ni kile kipande cha kwanza. Kituo kimekifuta kwenye kurasa zake zote, lakini nakala zake zinaendelea kuzunguka kwenye kurasa za watu wengine, nyingine zikiwa bado na beji ya shule. Mama wa mtoto, kwa msaada wa mwanasheria, anaandaa malalamiko kwa Tume ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi dhidi ya kurasa mbili zilizokataa kukifuta. Mtoto amerudi shuleni. Katoni ya mafuta mama aliigawa kwa wanakikoba.